Kamera ilimwona, haikumuuliza jina

Mama mmoja jirani yetu, hapa komine Kimemi, alituma mtoto mbio kutuita. Ilikuwa jioni, jenereta ya mtaa ilikuwa imewashwa, na kwa namna mtoto alivyokuwa anahema tulidhani kuna kilio. Kumbe ni televizio.

"Ule njo mutoto wangu!" mama alituambia hata kabla ya salamu. "Njo yeye! Muangalie sikio yake."

Tulichelewa, picha ilikuwa imeshapita. Kwa bahati binti yake alikuwa ameikamata kwa telefone, akaturudishia. Kijana anatoka kwenye shimo la zahabu, matope mpaka kwenye kope, mfuko wa mawe begani. Anaangalia kamera, anafunga macho kidogo kwa sababu ya jua, anapita. Sekunde kumi, labda kumi na mbili. Juu ya picha, sauti ya Kifaransa inasema habari za zahabu, za vita na za umaskini wa Kivu. Kisha linakuja lori, kisha ramani, kisha mambo ya nchi ingine.

Yule kijana aliondoka Butembo miezi minane iliyopita, akasema anaenda upande wa Mangurejipa. Mwanzoni alikuwa anapiga telefone. Tangu miezi mine, kimya. Kila mtu hapa anajua barabara ile ikoje kwa usalama, na kila mama anajua kimya cha miezi mine kinaweza kuwa nini. Na sasa mtoto wake ameonekana mbele ya dunia nzima.

"Banamupiga picha," alisema mama, "banamuona na macho yao, na hata jina habakumuuliza. Siye tunamutafuta, wao banamupata, na banamuacha pale pale. Sijue ile picha ni ya juzi ao ni ya mwaka jana. Sijue kama angali muzima."

Hatutaitaja ile televizio. Si ya hapa, na haikufanya jambo ambalo wengine hawalifanyi. Lakini neno la mama limetufuata siku nyingi, mpaka tukaanza kutafuta: televizio ilijifunza wapi kumwangalia mtu? Na ni nani aliyeifundisha kumuuliza?

Tuanze na vyombo vyenyewe. Televizio za kwanza zilikuwa na kioo kidogo, na picha yake nyeusi na nyeupe ilikuwa na ukungu. Ukionyesha mkutano wa watu elfu moja, mtazamaji anaona sisimizi. Ukionyesha uso wa mtu mmoja, uso unajaza kioo chote, na mtazamaji aliyekaa nyumbani kwake anaona hata jasho kwenye mdomo wa juu. Kamera zilikuwa nzito, zinasukumwa juu ya magurudumu, na zilitaka taa kali sana. Mtu aliyekaa mbele yake alikuwa anapikwa. Njo maana mapema kabisa watu wa ile kazi waligundua kwamba kitu ambacho televizio inajua kufanya kuliko sinema ni kimoja: uso wa mtu anayefikiri jibu.

Mu Amerika, tangu mwaka 1953, Edward Murrow alikuwa anakaa studio New York na kuwaongelesha watu wakubwa waliokuwa nyumbani kwao, kamera zikiwafuata toka sebule mpaka jikoni. Watu walipenda sana, lakini ilikuwa zaidi kutembelea nyumba kuliko kumtembelea mtu. Miaka mitatu kisha, katika mji uleule, Mike Wallace alifanya kinyume: kiti kimoja, nyuma giza tupu, moshi wa sigara, na maswali ambayo mtu hataki kuulizwa mbele ya mama yake.

Walioifikisha mbali kazi hii, kwa maoni yetu, ni Waingereza, katika emisio ya BBC iliyoitwa Face to Face, yaani uso kwa uso. Ilianza mwezi wa pili 1959, ikaisha 1962, na zilitoka 35 tu, kila moja karibu nusu saa. Muulizaji alikuwa John Freeman, na aliyeitengeneza ni Hugh Burnett. Mwanzoni ulikuwa unaona michoro ya uso wa mgeni, iliyochorwa kwa mkono na Feliks Topolski, fundi aliyezaliwa Poland. Mistari ya haraka, kama mtu anatafuta njia: hapa paji la uso, hapa mdomo. Kisha michoro inaondoka na mtu mwenyewe anatokea, na kamera inaendelea na kazi ya mchoraji.

Freeman humwoni. Unaona kisogo chake, bega, pengine moshi. Taa zote ziko kwa mgeni. Ninyi wa shimo mnajua vizuri kitu hiki: ukimgeukia mwenzako ndani ya handaki na torshi yako ya kichwa, wewe unamwona mpaka ndani ya jicho, yeye anaona mwanga tu. Njo maana mtu mwenye adabu anainamisha kichwa akitaka kuongea. Freeman hakuinamisha. Lakini alikuwa na adabu ya namna ingine: hakupandisha sauti, hakukata neno la mtu, na jibu likiisha hakukimbilia swali linalofuata. Alingoja. Na mtu akingojewa, anaongeza. Kile anachoongeza njo picha yake.

Waliketi pale watu wa kila namna. Carl Jung, muganga wa akili wa Uswisi, alikuwa na miaka 84 alipoulizwa kama anaamini Mungu. Alinyamaza kidogo, kisha akajibu kwamba hana haja ya kuamini, anajua. Martin Luther King alikaa kwenye kiti kile 1961, akiwa na miaka 32 tu. Walipita pia majaji, waimbaji, wachekeshaji.

Na kuna Gilbert Harding. Huyu alikuwa mtu wa televizio mwenyewe, anajulikana nchi nzima kwa ukali na matusi yake. Septemba 1960 Freeman alimuuliza kama amewahi kuwa karibu na mtu anayekufa. Harding alikuwa amemwona mama yake akikata roho. Sauti ilimkatika, macho yakajaa, na kamera ilikuwa karibu sana, haikuondoka. Novemba ya mwaka uleule, Harding akafa. Waingereza wamebishana miaka mingi kama swali lile lilikuwa haki. Sisi tunaona hivi: swali ni mtalimbo. Unaweza kufungua mwamba nalo, na unaweza kujiangushia paa. Lakini angalau pale mtu aliulizwa. Alikuwa na jina, alikuwa na nusu saa, na akilia, watu walijua analia kwa sababu gani.

Wafaransa walikuwa na njia yao, ya upole zaidi. Katika Lectures pour tous, iliyodumu toka 1953 mpaka 1968, Pierre Dumayet alikuwa anamkalisha mwandishi wa vitabu mbele yake na kumuuliza kitu kidogo kabisa, kama mtoto anauliza. Kisha kimya. Mtu ambaye hajasoma hata kitabu kimoja cha yule mgeni alikuwa anabaki anaangalia, kwa sababu ya uso.

Na siye Wakongo? Wakati ule hatukuwa na televizio. Lakini nyuso zetu zilikuwa zimeshaanza kupita kwenye vioo vya wengine. Mwaka 1955, mfalme Baudouin alipotembelea Kongo, André Cauvin alitengeneza filme iliyoitwa Bwana Kitoko. Watu wetu wanaonekana humo kwa maelfu, wanacheza, wanapiga ngoma, wanapunga bendera. Mwenye jina ni mmoja.

Kisha ikafika 1960, na kamera zikamkuta Patrice Lumumba. Tunaomba msomaji atulie kidogo hapa, kwa sababu kuna picha mbili za mtu mmoja, na katikati yake hakuna hata mwaka.

Ya kwanza ni ya mwezi wa kwanza. Lumumba alikuwa kifungoni. Walikuwa wamempeleka Jadotville, mji wa madini ambao leo tunauita Likasi. Wakongo waliokuwa Brussels kwenye meza ya mviringo walikataa kuendelea bila yeye. Akafunguliwa tarehe 25, akapanda ndege, akashuka Ubelgiji, na waandishi wakamzunguka. Anaonyesha vifundo vya mikono yake, alama za pingu zingalipo. Anaulizwa, anajibu, kwa utulivu, kwa Kifaransa cha mtu aliyejifundisha mwenyewe. Kesho yake, tarehe 27, siku ya uhuru ikapangwa: 30 Juni. Ukiangalia zile picha leo unaona mtu mwembamba, miwani, anayechagua maneno yake huku anajua kwamba kila neno linaandikwa.

Ya pili ni ya mwezi wa kumi na mbili, Léopoldville. Amekamatwa Sankuru, wamemleta kwa ndege. Yuko juu ya lori, mikono imefungwa nyuma. Askari wanamvuta nywele ili kichwa kiinuke na kamera ipate uso. Mmoja anamsukumia karatasi mdomoni. Waandishi wapo, kamera zipo, mwanga upo. Hakuna anayemuuliza kitu, na kama angeulizwa angejibu namna gani na mdomo ulivyo? Wiki sita kisha, tarehe 17 Januari 1961, waliuawa yeye, Mpolo na Okito kule Katanga.

Hizi picha mbili zimerudishwa kwenye televizio mara mingi. Na ile ya pili, ya bubu, njo imetembea zaidi. Ni rahisi kuonyesha. Haidai mtafsiri, haidai kusikiliza.

Televizio yetu wenyewe ilifunguliwa Kinshasa Novemba 1966, mwaka mmoja kisha ya Mobutu kuchukua nchi. Ilichukua muda mrefu kufika huku kwetu. Butembo na Beni zilikuwa nchi ya radio. Lakini wazee waliopita Kinshasa wakati wa Zaïre wanakumbuka kile kilichofungua habari za jioni: anga, mawingu, na katikati ya mawingu uso wa Mobutu unashuka kidogo kidogo, na kofia ya chui, mpaka unajaza kioo. Huo nao ni mchoro wa uso. Topolski alikuwa anachora ili kumtafuta mtu. Ule wa mawingu ulitengenezwa ili mtu asitafutwe. Hakuna kisogo cha muulizaji, hakuna swali. Na usisahau kwamba Mobutu mwenyewe alikuwa mwandishi wa gazeti kabla ya siasa. Alijua vizuri swali linaweza kufanya nini.

Miaka ikapita hivyo, mpaka tarehe 24 Aprili 1990, kule N'Sele. Mobutu alikuwa anatangaza mwisho wa chama kimoja. Katikati ya hotuba sauti ilimkwama, akavua miwani, akaomba watu waelewe huzuni yake. Nchi nzima iliona chozi. Wengine walilia naye, wengine walicheka, wengine mpaka leo wanabishana kama lilikuwa chozi la kweli. Sisi tunaona jambo moja tu: yule wa mawingu alikuwa na jicho lenye maji kama wengine, na ilichukua miaka zaidi ya ishirini kamera ionyeshe hilo.

Jirani yetu wa ng'ambo ya Kasindi alikwenda mbali zaidi. Mwaka 1974, Idi Amin alimkubali Barbet Schroeder, fundi wa filme aliyekuja kwa ajili ya televizio ya Ufaransa, kumtengenezea filme. Amin njo alipanga karibu kila kitu: huyu apigwe, helikopta ile pale, geuka. Njo maana Schroeder aliiita picha ambayo Amin amejipiga mwenyewe. Hata muziki wa akordeo ni wa Amin. Lakini kamera iliachwa ikae kimya kwenye mkutano wa mawaziri. Amin anawakaripia, anacheka, anamlaumu waziri wake wa mambo ya inje. Wale mawaziri wanaandika, wanaandika, hakuna anayeinua kichwa. Sauti ya filme inasema kwamba wiki mbili kisha maiti ya yule waziri ilikutwa katika Nile. Ukishalisikia hilo, unarudi kuziangalia zile kalamu na hutazisahau. Amin alipojua yaliyomo, aliwakusanya Wafaransa waliokuwa Uganda ndani ya hoteli, akawazungushia askari, akawapa nambari ya telefone ya Schroeder wamwombe akate vipande. Akakata. Alivirudisha Amin alipoanguka.

Hao wote ni wakubwa. Wasomaji wetu ni watu wa shimo, basi turudi nyuma kidogo, mpaka Marcinelle, Ubelgiji, 8 Agosti 1956. Ni mgodi wa makaa ya mawe, Bois du Cazier. Asubuhi, kwenye mita 975 chini, kigari kilipakiwa vibaya ndani ya kizimba cha kupandishia, kikatokeza. Kizimba kilipoondoka, kigari kiligonga boriti, kikakata bomba la mafuta na nyaya za umeme. Moto. Chini walikuwa watu 275. Walikufa 262, na katika hao 136 walikuwa Waitalia, watu waliotoka kwao kutafuta maisha, kama watu wanavyotoka Butembo kwenda Mangurejipa ao Mambasa.

Televizio ya Ubelgiji ilikuwa na miaka mitatu tu. Ilikwenda pale, na picha zake zikatembea Ulaya yote: wanawake wameshika vyuma vya geti la mgodi, wananyoosha shingo, wanangoja. Walingoja wiki mbili. Usiku wa kuamkia tarehe 23, mmoja wa waokoaji akapanda juu na kusema kwa Kiitaliano kwamba wote ni maiti. Tumeangalia zile picha. Zinauma. Lakini wale wanawake wa getini, mtazamaji hakuambiwa ni nani anamngoja nani. Walikuwa "familia za wachimbaji." Leo majina yote 262 yameandikwa pale Bois du Cazier. Yaliandikwa na watu, kisha. Siku yenyewe kamera ilikuwa imetosheka na nyuso.

Na sisi wa hili gazeti si watu safi. Tumefungua matoleo yetu ya nyuma. Mara ngapi tumetoa foto ya vijana wenye matope, na chini yake: "Wachimbaji wakiwa kazini"? Mara mingi mno. Waziri akifika kwenye shimo, tunaandika jina la waziri, jina la PDG wa shimo, jina la mkubwa wa polisi. Wale sita walioshikilia beleshi nyuma yao, hapana.

Tunajua sababu moja ya kweli. Si kila mchimbaji anataka jina lake litoke. Kuna wenye deni, kuna waliokimbia kundi la silaha, kuna aliyemwambia mke wake kwamba yuko Kampala anauza nguo. Hiyo ni haki yao. Lakini kuuliza jina si kulitangaza. Freeman hakutangaza yote aliyojua juu ya wageni wake, alijua kwanza. Ukimuuliza kijana jina, kwao wapi, na kama kuna mtu anataka kumsalimia, imekula dakika moja. Akikataa, amekataa yeye mwenyewe. Na ninyi pia mnaweza kuuliza. Mwandishi akija na kamera kwenye kichwa cha shimo, mwulize ni wa wapi, picha itaonekana wapi, siku gani. Mwambieni aseme tarehe. Kwa mama wa Kimemi, tarehe tu ingetosha.

Tulirudi kwake Jumapili kisha ya misa. Tulikuwa na telefone na kiti kimoja cha plastiki. Tukamkalisha karibu na dirisha, mwanga upande mmoja, na sisi tukakaa nyuma ya telefone kama yule Mwingereza, ingawa mtoto mchanga alikuwa anatuvuta suruali. Swali lilikuwa moja: mtoto wako ni mtu wa namna gani?

Alianza na yale ambayo kila mtu anasema. Ni mutoto muzuri, anaheshimu watu, alikuwa anasaidia. Akaisha. Hatukuuliza kitu. Inje mtu alikuwa anapasua kuni. Mama aliangalia mikono yake, muda mrefu, kisha akasema kwamba akiwa mdogo yule kijana alikuwa anaogopa giza, hakukubali kulala bila kibatari, na kwamba tangu siku alipomwambia anaenda kushuka shimoni yeye mama anajiuliza tu anafanya namna gani kule chini. Akasema na ile sikio: alikatwa na sahani ya chuma, wakigombana na kaka yake juu ya sombe. Kisha akasema jina lake lote, la ubatizo na la nyumbani, akiangalia moja kwa moja ndani ya telefone. Dakika kumi na moja. Jina hatuliandiki hapa kwa sababu mama ameomba hivyo mpaka kijana mwenyewe akubali.

Motari mmoja anayeijua ile barabara alikubali kubeba ile vidio, pamoja na zile sekunde kumi za televizio. Amerudi Alhamisi. Anasema kwenye shimo la kwanza watu watatu walimtambua kwa sikio. Mmoja alikuwa pale siku kamera ilipokuja, na anasema ni kabla ya Pasaka. Alihama kisha, na timu yake, upande wa Njiapanda. Motari aliwaachia ile vidio ya mama, nao wanayo kwenye telefone zao.

Jana jioni mama alituma mtoto tena. Mara hii alikuwa anaomba kuchajisha telefone kwetu, kwa sababu jenereta ya mtaa haina mafuta na hataki telefone izime usiku.